Zawadi za Sayyid Said: Maisha na Tabia ya Rais Martin Van Buren

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama katika Mkutano Mkuu wa Mwaka, Isiolo)



Halmashauri ya Chama ilituagiza tuseme machache juu ya maisha ya mmoja wa marais wa kwanza wa Marekani, ili maneno hayo yapigwe chapa pamoja na taarifa ya mwaka na hesabu za fedha. Wengi walitazamia kwamba tutamchagua George Washington, baba wa taifa lile, au Thomas Jefferson, aliyeandika tangazo la uhuru wao. Hao wana sifa zao, na habari zao husomwa shuleni. Sisi tumemchagua mtu ambaye jina lake halitajwi sana hata kwao: Martin Van Buren, rais wa nane, aliyeshika madaraka tangu mwaka 1837 hata mwaka 1841.

Tumemchagua kwa sababu mbili. Ya kwanza, yeye ndiye aliyeletewa zawadi kutoka pwani yetu hii ya Afrika ya Mashariki, katika merikebu iliyotweka tanga Unguja. Ya pili, jinsi zawadi hizo zilivyopokewa inahusu jambo ambalo mkutano huu utalipigia kura leo kabla ya jua kuchwa, yaani shauri la kuweka daftari la zawadi katika Chama chetu.

Van Buren alizaliwa tarehe 5 Desemba 1782 katika kijiji cha Kinderhook, jimbo la New York. Baba yake alikuwa mkulima, tena alikuwa na nyumba ya kupumzikia wasafiri kando ya barabara iendayo Albany. Wanasheria na wanasiasa walishuka pale kula na kulala, wakazungumza mambo ya nchi, na mtoto akatega sikio. Nyumbani walisema Kiholanzi, kwa kuwa wazee wao walitoka Uholanzi. Kiingereza alijifunza baadaye. Hata leo hakuna rais mwingine wa Marekani ambaye lugha yake ya kwanza haikuwa Kiingereza. Sisi wa Isiolo hatuoni ajabu. Katika chumba hiki wamo walioanza kusema Kiborana, Kisomali, Kiturkana, Kisamburu na Kimeru, na Kiswahili ndicho kilichotukutanisha kama soko linavyowakutanisha wenye mifugo.

Hakufika chuo kikuu. Alipokuwa na umri wa miaka kumi na minne hivi aliingia katika ofisi ya mwanasheria, akawa akifagia chumba, akiwasha moto na kunakili hati kwa mkono, na saa za usiku akisoma vitabu vya sheria. Sisi tunaoshinda mezani na kalamu twamfahamu sana mtu wa namna hiyo. Mwaka 1803 alipata ruhusa ya kufanya kazi ya uwakili. Mwaka 1821 aliingia katika Seneti. Mwaka 1829 akawa Gavana wa New York kwa majuma machache tu, kisha Rais Andrew Jackson akamwita awe Waziri wa Mambo ya Nchi za Nje. Mwaka 1833 akawa Makamu wa Rais, na tarehe 4 Machi 1837 akaapishwa kuwa Rais mwenyewe.

Kimo chake kilikuwa kifupi, mavazi yake nadhifu, na maneno yake ya adabu hata kwa adui. Mkewe Hannah alifariki mwaka 1819 akamwachia wana wanne wa kiume, naye hakuoa tena. Rafiki zake walimsifu kwa subira; wasiompenda walisema ni mtu asiyekupa jibu lililonyooka, wakambandika jina la mfanya mazingaombwe mdogo. Wafuasi wake nao walimwita Mzee wa Kinderhook, na herufi mbili zinazoanza jina hilo kwa Kiingereza wakazifanya alama ya chama chao katika uchaguzi wa mwaka 1840. Ndizo zilizosaidia kulieneza neno lile «okei», ambalo leo hata mchunga ngamia wa huku kwetu hulitamka bila kujua limepitia wapi.

Alipata cheo wakati mbaya. Kabla hajatimiza miezi mitatu Ikulu, mwezi wa Mei 1837, benki za New York zilisimamisha malipo ya fedha za madini. Biashara zikaanguka, na watu wengi wakakosa kazi. Van Buren aliona kwamba hatari mojawapo ni fedha za serikali kuwekwa katika benki za watu binafsi, ambao walizikopesha kwa faida yao. Akataka fedha za umma zikae katika hazina ya umma, chini ya ulinzi wa maofisa wa umma. Bunge lilimkatalia mara kadhaa. Naye hakukata tamaa mpaka tarehe 4 Julai 1840 alipotia sahihi sheria hiyo. Waliomshinda waliifuta mwaka 1841, lakini mwaka 1846 ikarudishwa. Kadhalika, mwezi wa Machi 1840 alitoa amri kwamba vibarua wa serikali wasifanye kazi zaidi ya saa kumi kwa siku. Kwa mambo haya mawili mtaona kwamba alifahamu tofauti ya mali ya mtu na mali ya watu.

Sasa twende kwenye habari ya zawadi. Tarehe 21 Septemba 1833, Edmund Roberts, mjumbe wa Rais Jackson, alifunga mapatano ya urafiki na biashara mjini Maskati na Sayyid Said bin Sultan, mtawala wa Oman na Unguja. Mwezi wa Machi 1837, ule ule alioapishwa Van Buren, Richard Waters, balozi mdogo wa kwanza wa Marekani, alifika Unguja. Wafanyabiashara wa Marekani walitaka pembe za ndovu na sandarusi. Nao walileta kitambaa kizito cha pamba, ambacho watu wetu wakakiita merikani, na jina hilo likasafiri na misafara mpaka bara.

Basi Sayyid Said akaona yafaa naye apeleke merikebu yake. Ikaitwa Sultana, na mjumbe wake alikuwa Ahmad bin Naaman. Ilipakia pembe za ndovu, karafuu, sandarusi, kahawa, tende, ngozi na mazulia. Tarehe 30 Aprili 1840 ikafika New York. Watu wakamiminika gatini kumwona mjumbe katika kilemba na joho lake; akakaribishwa na wakuu wa mji, na mchoraji Edward Mooney akamchora picha ya rangi. Pamoja na shehena ya biashara zilikuwamo zawadi za Rais: farasi wawili wa Kiarabu, lulu, mafuta na maji ya waridi, shali za Kashmir, zulia la Kiajemi na upanga uliopambwa dhahabu.

Ninyi mliolelewa katika mifugo mwajua kumpa mtu farasi ni kumpa heshima gani. Katika nchi yetu hii, mtu akikutolea ngamia jike mwenye maziwa, kumrudisha ni kumpiga kofi mbele ya ukoo wake. Lakini Katiba ya Marekani, iliyoandikwa mwaka 1787, ilikuwa na fungu linalosema kwamba mwenye cheo cha serikali asipokee zawadi, malipo wala jina la heshima kutoka kwa mfalme au dola ya kigeni pasipo idhini ya Bunge. Walioiandika walikuwa wametoka tu katika vita na mfalme, na walijua ya kuwa mkono uliozoea kupokea hauna nguvu ya kukataa.

Tena, wakati wenyewe ulikuwa wa fitina. Majuma mawili tu kabla ya Sultana kutia nanga, mjumbe mmoja wa Bunge, Charles Ogle, alikuwa amesimama akahutubu kwa muda mrefu, akisema kwamba Van Buren anaishi Ikulu kama mfalme, akila kwa vijiko vya dhahabu huku wananchi wakiona njaa. Kwa mtu aliyeshutumiwa hivyo, farasi wawili wa kifalme walikuwa mtego.

Rais alifanya nini? Alitoa shukrani kwa heshima, akaeleza kwamba sheria ya nchi yake haimruhusu kuzichukua zawadi hizo ziwe mali yake. Alipoambiwa kwamba zaweza kuhesabiwa kuwa zawadi kwa serikali, hakuamua peke yake. Alilipeleka shauri Bungeni. Mwezi wa Julai 1840 Bunge likampa idhini ya kuzipokea kwa jina la taifa, na fedha za vitakavyouzwa ziingie hazina. Farasi wakapigwa mnada. Vitu vingine vikawekwa mjini Washington katika mikono ya serikali. Sayyid Said naye hakuvunjiwa heshima. Serikali ya Marekani iliitengeneza Sultana katika karakana ya jeshi la majini kwa gharama yake, ikampelekea zawadi za kujibu zake, na mwezi wa Agosti merikebu ikatweka kurudi Unguja.

Twaomba mlitafakari jambo hili. Watu wengi hudhani kwamba mbele ya zawadi ziko njia mbili tu: kuitia mfukoni, au kumrudishia mwenyewe kwa uso mkavu. Habari hii yatufundisha iko njia ya tatu: kuipokea kwa jina la wote, mbele ya wote, na kuiandika. Mtoaji hubaki na heshima yake, mpokeaji hubaki na jina lake, na kitu huwa cha umma.

Lakini hatukuja hapa kumpamba mtu kwa maua ya uongo. Mwenye kusoma maisha ya wakubwa na asome kurasa zote. Van Buren alizaliwa katika nyumba yenye watumwa, na yeye mwenyewe aliwahi kuwa na mtumwa mmoja, ambaye alitoroka. Mwaka 1838, katika utawala wake, askari waliwatoa Wacherokee katika nchi ya baba zao kwa nguvu, kwa kutekeleza siasa aliyoirithi kwa Jackson. Watu wapatao 16,000 walihamishwa kwenda magharibi, na maelfu wakafa kwa maradhi, baridi na uchovu. Sisi wa upande huu wa kaskazini, ambao wazee wetu walijua maana ya kuhamishwa na kufungiwa mipaka ya malisho, hatuwezi kuisoma habari hiyo kwa moyo mkavu.

Na liko jambo jingine, la mwaka ule ule wa 1840. Wakati Ahmad bin Naaman alipokuwa akipewa karamu New York, katika jimbo jirani la Connecticut walikuwamo Waafrika kifungoni. Hao walikuwa Wamende, walioibwa nchi ya Sierra Leone, wakauzwa Kuba, kisha mwaka 1839 wakaasi ndani ya chombo kilichoitwa Amistad na kukamatwa karibu na pwani ya Marekani. Serikali ya Van Buren ilitaka warudishwe kwa Wahispania. Hata manowari iliwekwa tayari iwachukue Kuba mahakama ikikubali. Mahakama haikukubali. Mnamo Machi 1841, siku chache baada ya Van Buren kutoka Ikulu, Mahakama Kuu kabisa ya nchi ile iliamua kwamba watu hao ni huru. Na mmoja wa mawakili wao alikuwa rais wa zamani, mzee John Quincy Adams. Waliosalia hai wakarudi Afrika.

Wala upande wa pili haukuwa safi. Karafuu za Unguja zilichumwa na watumwa, na utajiri wa Sayyid Said ulitokana kwa sehemu kubwa na jasho lao.

Itakuwaje basi mtu huyo huyo asiguse farasi wawili, na asiwahurumie watu wale waliokuwa kifungoni? Sisi twaona hivi. Kuhusu zawadi, palikuwa na sheria iliyoandikwa wazi, na macho ya watu yalikuwa juu yake, naye akatii. Kuhusu Wamende na Wacherokee, aliowafanyia hawakuwa na kura, na waliodai haki yao hawakuwa na nguvu mbele yake. Uadilifu wa mtu mmoja ni kama kivuli cha mgunga: mchana hukaa upande huu, jioni huhamia upande ule. Anayetaka kivuli cha kudumu hujenga nyumba. Nyumba hiyo ni sheria, na walio wadogo ndio wanaoihitaji kuliko wakubwa.

Uchaguzi wa mwishoni mwa 1840 alishindwa vibaya na William Henry Harrison, naye akatoka kwa amani tarehe 4 Machi 1841. Akarudi Kinderhook kulima. Mwaka 1848 aligombea tena, safari hii kwa chama kilichopinga utumwa usienezwe katika nchi mpya za magharibi. Hakupata ushindi, lakini twaweza kusema kwamba uzeeni alisogea mahali pazuri kuliko alipokuwa. Alifariki tarehe 24 Julai 1862, akiwa na umri wa miaka 79.

Sasa turudi nyumbani. Wazee wetu walisema mkono mtupu haulambwi, na wengine hulichukua neno hilo kama hati ya ruhusa. Mwaka huu wa taarifa, mama mmoja mjane alisaidiwa karo ya mtoto kutoka katika mfuko wetu. Baada ya siku chache alileta beberu nyumbani kwa mmoja wa wajumbe wa Halmashauri, kwa moyo wa shukrani, bila hila yoyote. Mjumbe yule hakumchinja wala hakumrudisha. Alimfunga nyuma ya nyumba siku nne, akiuliza wenzake afanyeje. Hakuna aliyekuwa na jibu, kwa kuwa kanuni zetu hazikusema neno. Siku hizo nne zilitosha. Habari ilienea kisimani na sokoni kwamba karo ya Chama hupatikana kwa beberu. Na mjane mwingine, ambaye hana mbuzi hata mmoja, hakuja kabisa kuomba. Tulipata kujua baadaye, muhula ulipokuwa umekwisha kuanza na mtoto yuko nyumbani.

Mabibi na mabwana, hakuna aliyeiba. Mama alishukuru, mjumbe alisita, na mtoto wa mtu wa tatu akakosa darasa. Ndivyo zawadi isiyo na kanuni ifanyavyo kazi: humdhuru asiyekuwapo.

Wala shauri letu si geni katika nchi hii. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 76, yasema kwamba zawadi anayopewa ofisa wa Dola katika shughuli ya umma ni zawadi kwa Jamhuri, na ikabidhiwe Dola isipokuwa sheria ya Bunge ikiruhusu vingine. Sheria ya uongozi na uadilifu ya mwaka 2012 ikaziagiza ofisi za umma ziweke daftari la zawadi. Kama Jamhuri yote imeona haja hiyo, chama kidogo chenye sanduku moja la fedha na funguo mbili kitasemaje hakina haja?

Kwa hiyo Halmashauri yaleta mbele yenu mambo matatu. Kwanza, kila kitu anacholetewa mjumbe kwa ajili ya kazi ya Chama, kiwe beberu au kilo ya sukari, kiandikwe siku hiyo hiyo katika daftari: jina la mtoaji, kitu chenyewe, na aliyekipokea. Pili, kitu hicho kiwe cha Chama. Kikiwa mnyama apelekwe soko la mifugo, na fedha ziingie mfuko wa karo na mazishi. Tatu, mtoaji aandikiwe barua ya shukrani kwa jina la wanachama wote, ili asione amedharauliwa. Na daftari lisomwe kwa sauti katika kila mkutano mkuu, pamoja na hesabu.

Watauliza wengine: je, tumewashuku viongozi wetu? La, hasha. Rais yule hakushukiwa na Katiba yake. Fungu lile liliandikwa alipokuwa bado mtoto wa miaka minne, kijijini, hajajua hata kwamba atakuwa rais. Kanuni njema hutungwa kabla ya jina la mtu kutajwa, na ndiyo maana haimtukani mtu. Twaitunga leo, wakati ambapo twaaminiana, ili siku ya kutoaminiana itukute tumekwisha kujipanga.

Kuhusu beberu, wanachama mtapenda kujua mwisho wake. Aliuzwa kwa idhini ya mama mwenyewe, na fedha zake zimo katika hesabu mlizogawiwa, katika mstari wa mapato mengineyo. Yule mtoto wa mjane wa pili ameandikwa katika orodha ya muhula ujao.

Sasa twamwachia Bwana Mwenyekiti nafasi aendeshe kura.